Kosa la Kuzidisha: Nani Alipe?

Mwaka jana, jioni moja ya siku ya kazi, shemeji yangu alibisha hodi nyumbani akiwa na bahasha kubwa ya kaki kwapani. Tulimkaribisha chai, akasema chai itamsubiri. Akakaa, akaifungua ile bahasha juu ya meza, akaanza kupanga karatasi moja baada ya nyingine kama mtu anayecheza karata.

Shemeji huyu ana mashine za nafaka: mbili za kusaga na moja ya kukoboa. Mji sitautaja, wala shirika linalomuuzia umeme sitalitaja, kwa kuwa sikuja hapa kumshitaki mtu hewani. Nimekuja kueleza jambo ambalo limewahi kuwafikisha watu wengine, katika nchi nyingine, mbele ya majaji wakubwa kabisa.

Karatasi ya juu ilikuwa barua. Ilisema kwamba ukaguzi umeonyesha kuwa kwa miezi 34 mfululizo umeme alioutumia shemeji ulihesabiwa nusu tu ya umeme halisi. Kwa hiyo anadaiwa shilingi milioni 11 na ushei, na asipolipa ndani ya siku 14 atakatiwa.

"Shemeji," akaniambia, "mimi mita sijaigusa. Lakiri yao ipo vilevile walivyoifunga. Kila mwezi wameniletea bili, kila mwezi nimelipa, risiti hizi hapa. Sasa niambie wewe unayesoma vitabu: kosa lao limekuwaje deni langu?"

Kabla sijafungua mdomo akaongeza neno lililoninyima usingizi usiku ule. "Na yule mama niliyemsagia debe lake mwaka juzi kwa bei ile, nimfuate leo nimwambie aongeze?"

Ndugu msikilizaji, swali hilo la shemeji lina umri mkubwa kuliko yeye na mimi. Leo nataka tulifuate lilikotoka.

Tarehe 4 Septemba 1882 Thomas Edison aliwasha kituo chake cha umeme katika mtaa wa Pearl mjini New York. Miezi ya mwanzo wateja hawakutozwa kitu. Bili ya kwanza ilitoka Januari 1883, dola 50 na senti 44, nayo ilikwenda kwa kampuni ya bidhaa za shaba iliyoitwa Ansonia Brass and Copper Company. Hivyo basi, mtu wa kwanza kushikishwa bili ya umeme ya Edison alikuwa mfanyabiashara.

Lakini je, umeme unapimwaje? Mafuta ya taa unayaona kwenye kibaba, unga unauona kwenye mizani. Umeme hauonekani. Mita ya Edison ilikuwa chombo cha kioo chenye maji ya dawa na vibamba vya zinki. Umeme ukipita, zinki huhama kutoka kibamba kimoja kwenda kingine. Mwisho wa mwezi mtu wa kampuni alikuja, akavichukua vile vibamba, akaenda kuvipima uzito, kisha akaandika deni. Mteja hakuwa na namba yoyote ya kusoma. Ilimbidi aamini tu. Na wengi hawakuamini.

Ndipo mwaka 1889 Elihu Thomson huko Marekani na Ottó Bláthy huko Hungaria wakatoa mita zenye kuzunguka na kuhesabu, babu za hizi tulizozoea kuziona ukutani. Tangu hapo mteja naye akaweza kusogea, akainama, akasoma namba. Watu wakadhani ugomvi umekwisha.

Haukwisha, na sababu yake ni hii. Mita ya nyumbani inapitisha umeme wote unaoutumia, na namba unayoisoma ndiyo hiyo hiyo. Lakini kiwanda, hoteli au mashine kubwa hutumia umeme mwingi mno kupitishwa ndani ya kijimita kidogo. Kwa hiyo mafundi huweka transfoma ndogo za kupimia kwenye nyaya kubwa, nazo huipa mita sehemu ndogo tu ya umeme, kama mpishi anavyoonja mchuzi kwa kijiko badala ya kunywa sufuria nzima. Transfoma ikiandikwa 200 kwa 5, maana yake ni kwamba penye amperi 200 mita inaonyeshwa 5. Ili upate umeme wa kweli, namba ya mita inabidi uizidishe kwa 40.

Sasa angalia hatari iliyopo. Mita ni nzima. Lakiri ni nzima. Msoma mita ameandika namba sahihi. Lakini kule ofisini karani amezidisha kwa namba nyingine, au hakuzidisha kabisa. Bili inatoka imeandikwa vizuri, ina mhuri, na ni ya uongo. Wala hakuna aliyedanganya.

Jambo hilo ndilo lililotokea katika jimbo la New Brunswick, mashariki mwa Kanada, miaka ile ya mdororo mkubwa wa uchumi ulioanza mwaka 1929. Kulikuwa na kiwanda cha maziwa kilichoitwa General Dairies. Umeme kiliuziwa na kampuni ya Maritime Electric. Namba ya mita ya kiwanda kile ilitakiwa kuzidishwa kwa 10. Watumishi wa kampuni ya umeme wakasahau kuzidisha. Kwa miezi 28 kiwanda kikaletewa bili ya sehemu moja tu ya kumi ya umeme kilioutumia, na kila bili kikailipa.

Kiwanda nacho hakikukaa tu na fedha ile. Kilikuwa kikinunua krimu kwa wakulima, na bei ya kuwalipa wakulima ilitokana na hesabu ya gharama za kiwanda. Umeme ukionekana rahisi, kinachobaki ni kikubwa, na mkulima analipwa zaidi. Kwa hiyo faida ya lile kosa ilikwisha kuingia mifukoni mwa watu wa mashambani, ambao wakati ule kila senti ilikuwa na kazi yake. Kosa lilipogunduliwa, kampuni ya umeme ilidai dola 1,931 na senti zake. Kiwanda kikasema hakilipi. Wakaenda mahakamani.

Hoja ya kiwanda ilikuwa ile ile ya shemeji yangu, ila imevaa joho. Wanasheria wana kanuni wanayoiita estopeli. Kwa Kiswahili chepesi ni kwamba mtu akikuambia jambo, nawe ukamwamini, ukatenda kwa kumwamini na ukaja kuumia, yeye hawezi kugeuka kesho akakana kauli yake. Umeme wenu mlisema ni kiasi hiki. Tukawaamini. Tukawalipa wakulima. Leo mnakana.

Mahakama Kuu Kabisa ya Kanada ilikubaliana na kiwanda mwaka 1935. Mtu wa kawaida angesema haki imetendeka, twendeni nyumbani. Lakini zama hizo Kanada bado ilikuwa na ngazi moja ya rufaa juu yake, ng'ambo ya bahari. Ngazi hiyo ni ile kamati ya majaji wa Baraza la Mfalme mjini London, ambayo wanasheria wetu wa zamani waliizoea kwa jina la Privy Council. Kampuni ya umeme ikavuka bahari na kesi yake.

Mwaka 1937 kamati hiyo ikatoa hukumu, nayo ilisomwa na Lord Maugham. Hukumu ya Kanada ikapinduliwa. Kiwanda kilipe.

Kwa nini? Hukumu haikusema kwamba kiwanda kilikosea, wala haikusema kwamba wakulima walikula cha haramu. Ilisema kwamba sheria ya New Brunswick kuhusu huduma za umma iliiamuru kampuni ya umeme kutoza bei iliyoorodheshwa na kuidhinishwa, isipungue wala isizidi. Hiyo ni amri ya Bunge, na estopeli ni kanuni ya ushahidi tu kati ya watu wawili. Kauli ya karani haiwezi kuitangua amri ya Bunge, hata kama karani mwenyewe ndiye aliyekosea na mwingine ndiye anayeumia.

Ukiisikia hivyo, unaweza kudhani ni ukatili wa watu wenye mawigi. Mimi pia nilidhani hivyo mara ya kwanza. Lakini tusihukumu kabla ya kuuliza sheria ya namna ile ilitungwa kwa sababu gani.

Turudi nyuma kidogo, tuvuke mpaka tuingie Marekani ya karne ya 19. Kampuni za reli za huko zilikuwa na desturi ya kuwarudishia wateja wakubwa sehemu ya nauli kwa siri. Aliyefaidi kuliko wote alikuwa tajiri wa mafuta, John D. Rockefeller. Mwenye pipa kumi alilipa bei ya ubaoni. Mwenye mapipa elfu alilipa bei ya chumbani. Wadogo wakafilisika, wakubwa wakazidi kuwa wakubwa. Mwaka 1887 Marekani ikatunga sheria ya kuzuia mchezo huo katika reli zinazovuka majimbo, na tangu mwaka 1907 majimbo kama Wisconsin na New York yakaweka tume za kusimamia kampuni za umeme na gesi. Kanuni ikawa moja: huduma ya umma ina bei moja kwa watu wa kundi moja, na bei hiyo inaandikwa hadharani.

Sasa fikiri, msikilizaji. Kama kosa la karani lingeweza kuwa punguzo halali la bei, kuna kampuni gani ingeshindwa kumpunguzia rafiki yake bei na kuiita bahati mbaya? Nani angeweza kuthibitisha kwamba karani hakusahau bali aliambiwa asahau? Na nakisi ile ingelipwa na nani, kama si wateja wengine wasio na rafiki ofisini? Hivyo ukali wa sheria ile ulikuwa na mantiki. Ulimlinda mnyonge dhidi ya upendeleo. Ila siku hiyo ulimwangukia mtu ambaye hakupendelewa na yeyote kwa makusudi.

Kuna atakayeuliza: haya ya Kanada na London yanatuhusu nini?

Yanatuhusu kwa sababu kamati ile ile ya London ndiyo iliyokuwa kilele cha rufaa zetu pia. Kesi ya Dar es Salaam, Nairobi, Kampala au Unguja ilikata rufaa katika Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, na kutoka hapo mwenye fedha na subira aliweza kwenda London. Kanada ilikata kamba hiyo kabisa mwaka 1949, nasi tukaikata miaka ya 1960 baada ya Uhuru. Lakini mafundisho ya majaji hayarudi na meli. Yamebaki katika vitabu ambavyo mawakili wetu wamesomea.

Na hiyo kanuni ya kutokana kauli yako tunayo katika sheria zetu wenyewe. Tanzania ni kifungu cha 123 cha Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1967. Kenya ni kifungu cha 120 cha sheria yao ya ushahidi. Ukivisoma vyote viwili utaona vinafanana kama ndugu wa tumbo moja, na mama yao ni kifungu cha 115 cha Sheria ya Ushahidi ya India ya mwaka 1872, ambayo Waingereza walisafiri nayo kuja huku. Kwa hiyo mwenye mashine wa kwetu akisimama mahakamani na kusema "waliniambia, nikawaamini, nikaumia", anashika silaha ile ile waliyoishika wale wa maziwa. Na wakili wa upande wa pili anaweza kumjibu kwa jibu lile lile la mwaka 1937.

Je, jibu hilo ndilo la mwisho? Hapa historia ina mzaha wake. Miaka mingi baadaye, kule kule Kanada, safari hii katika mji wa Kenora, jimbo la Ontario, kikazuka kisa kama pacha wa kile cha kwanza. Tena kiwanda cha maziwa, cha ushirika, kikiitwa Vacationland Dairy. Tena namba ya kuzidisha. Safari hii ilitakiwa kuzidishwa kwa 2, na shirika la umeme la mji halikufanya hivyo. Kwa miaka kadhaa kiwanda kililetewa bili ya nusu ya umeme wake, kikalipa, kikapanga bei za bidhaa zake kwa kuzitegemea bili hizo, hata siku kosa lilipofichuka.

Kesi ikapanda hadi Mahakama Kuu Kabisa ya Kanada, ambayo sasa haikuwa na mtu juu yake. Mwaka 1994 ikaamua. Majaji waligawanyika, lakini walio wengi walisema kiwanda hakina haja ya kulipa.

Je, waliitupa hukumu ya Lord Maugham? La hasha. Waliisoma kwa makini, kisha wakaisoma sheria ya Ontario, wakaona hazifanani. Sheria ya New Brunswick iliamuru: mtatoza bei hii na si nyingine. Sheria ya Ontario haikuwa na amri ya namna hiyo ya kumfuata mteja kwa kila senti iliyosahaulika. Pasipo na amri ya Bunge inayozuia, kanuni ya kutokana kauli yako inarudi kazini. Walikuambia, ukawaamini, basi.

Miaka 57 ilipita kati ya hukumu hizo mbili. Maziwa ni yale yale, umeme ni ule ule, kosa ni la kuzidisha, na mteja ni mwaminifu katika visa vyote viwili. Mmoja alilipa, mwingine hakulipa. Aliyelipa hakuwa mwovu kuliko mwenzake. Tofauti ilikuwa katika maneno ambayo wabunge wa jimbo lake waliyaandika kwenye sheria, pengine bila kumfikiria hata siku moja mtu wa maziwa.

Kisa cha tatu kinatoka India, na ni cha juzi tu. Katika jimbo la Haryana kiwanda cha nyuzi za pamba, Prem Cottex, kilihesabiwa umeme kwa kuzidisha 5 mahali pa 10. Miaka mitatu ikapita, tangu 2006 hadi 2009. Kisha ikaja bili ya nyongeza ya zaidi ya rupia milioni 13. Kiwanda kilikuwa na ngao ambayo wale wa Kanada hawakuwa nayo. Sheria ya Umeme ya India ya mwaka 2003, kifungu cha 56, inasema kwamba deni la umeme halidaiwi baada ya miaka miwili tangu liwe deni, isipokuwa liwe limeonyeshwa mfululizo katika bili kuwa halijalipwa.

Kwa mtu asiye mwanasheria, ngao hiyo ilitosha. Lakini mwaka 2020, katika kesi ya mteja mwingine aliyehesabiwa kwa daraja lisilo lake la bei, Mahakama Kuu Kabisa ya India ilikwisha kusema kwamba deni lililojificha nyuma ya kosa linaweza kuandikiwa bili ya nyongeza hata baada ya miaka miwili. Kisichoruhusiwa ni kutumia mkasi, yaani kumkatia mtu umeme kwa deni la namna hiyo. Mwaka 2021, katika kesi ya wale wa nyuzi za pamba, mahakama hiyo hiyo ikawa kali zaidi. Ikasema hilo ni deni lililoponyoka hesabu, wala si upungufu wa huduma, na kifungu kile hakikiokoi kiwanda. Wakashindwa.

Tuhesabu basi. Visa vitatu vya kuzidisha: kimoja mteja alishinda, viwili alishindwa. Yanafundisha nini?

La kwanza, bili si kiapo. Watu wengi wa biashara wanaamini kwamba bili iliyolipwa imekufa na kuzikwa. Si hivyo. Inaweza kufufuka, na ikifufuka huja na ndugu zake wote.

La pili, uchungu wa mteja ni wa kweli hata pale anaposhindwa. Mfanyabiashara hupanga bei leo kwa gharama anayoijua leo. Krimu ikishalipwa haiwezi kulipiwa mara ya pili kwa bei ndogo zaidi. Unga uliosagwa umekwisha kuliwa. Anayesema "ulitumia umeme, lipa umeme" anasema kweli nusu. Nusu ya pili ni kwamba bei ya umeme huo alikwisha kuipitisha kwa watu ambao hawezi kuwapata tena.

La tatu, na hili ndilo kubwa, haki ya jambo hili haitapatikana kwa kungoja majaji wawe na huruma. Majaji wa mwaka 1937 hawakukosa huruma, walikosa sheria ya kuisimamishia. Ni kazi ya wanaotunga sheria na kanuni kuandika wazi: kosa la mwenye mita lidaiwe kwa muda gani, na baada ya hapo nani abebe. Uingereza, ambako kamati ile ilikaa, wameliandika. Tangu mwaka 2018 msimamizi wao wa nishati amezuia kampuni za umeme na gesi kudai zaidi ya miezi 12 ya nyuma pale mteja asipokuwa na lawama, na kinga hiyo ni ya wenye nyumba pamoja na wenye biashara ndogo sana. Wakubwa wanaachwa wajitetee wenyewe.

Mimi naona mpango wa namna hiyo una busara. Haumpi mteja umeme wa bure wa miaka kumi, wala haumwachi mwenye mita alale miaka kumi kisha aamke na kalamu. Anayeshika ufunguo wa sanduku ndiye mwenye uwezo wa kulikagua, basi naye abebe sehemu ya uzembe wake.

Kwetu milango ya kubisha ipo. Tanzania kuna EWURA, iliyoanza kazi mwaka 2006. Mteja hupeleka malalamiko kwanza kwa mwenye huduma, asiporidhika huenda EWURA, na rufaa yake ni Baraza la Ushindani. Kenya kuna EPRA, pamoja na baraza maalumu la nishati na petroli, chini ya Sheria ya Nishati ya mwaka 2019. Mtu mwenye mashine tatu hana sababu ya kuanza safari yake kwa wakili wa gharama kubwa.

Atasema mwingine: siku hizi tunalipa kabla, tunaingiza namba za LUKU au tokeni, kosa litatoka wapi? Kwa nyumba na duka dogo ni kweli, ugomvi wa bili ya mwezi umepungua sana. Lakini penye matumizi makubwa, penye zile transfoma za kupimia, namba ya kuzidisha bado ipo, na mtu bado ndiye anayeiandika.

Nimalizie na shemeji.

Asubuhi yake tulikwenda pale penye mashine. Tulisimama mbele ya sanduku la mita, tukamwita fundi wake. Nikamuuliza shemeji kama ana karatasi yoyote ya siku umeme ulipoongezwa, kwa sababu mashine ya tatu aliileta baadaye. Akapekua ile bahasha ya kaki. Karatasi ilikuwemo, imekunjwa mara nne, ina sahihi ya fundi wa shirika na sahihi yake mwenyewe. Ilisema transfoma za 100 kwa 5 zimeondolewa, zimewekwa za 200 kwa 5. Hesabu ni hii: kabla ya hapo kuzidisha kwa 20, baada ya hapo kuzidisha kwa 40. Ofisini waliendelea na 20.

Shemeji aliiangalia ile karatasi muda mrefu. "Kumbe ukweli nimekaa nao mwenyewe," akasema.

Lakini karatasi ile ilikuwa na tarehe pia. Tukahesabu kwa vidole, kisha kwa kalamu. Tangu transfoma zibadilishwe hadi siku ya ukaguzi ilikuwa miezi 30, si 34. Barua ilikuwa imemdai miezi minne ambayo hakukuwa na kosa lolote, maana transfoma za zamani zilikuwa bado ukutani na kuzidisha kwa 20 kulikuwa sahihi. Waliokosea kuzidisha walikuwa wamekosea na kujumlisha.

Akaandika barua, akaambatanisha nakala ya karatasi ile, akaomba hesabu irudiwe na umeme usikatwe wakati shauri linaangaliwa. Akaenda mwenyewe, akangoja kwenye benchi, akarudi, akaenda tena. Mwisho ile miezi minne ikafutwa, na iliyobaki akakubaliwa kulipa kidogo kidogo kwa miaka miwili. Hakufurahi, wala mimi sikumwambia afurahi. Nilimuuliza kama atapandisha bei ya kusaga. Akasema amepandisha kidogo, kwa sababu sasa anajua gharama yake halisi, lakini wateja wa leo hawezi kuwatoza deni la wateja wa juzi.

Siku hizi ukienda pale utakuta kipande cha karatasi ngumu kimebandikwa ndani ya mlango wa chumba cha mashine. Kimeandikwa kwa kalamu ya wino mzito: KUZIDISHA NI 40. Kila bili ikija, kijana wake wa hesabu anasimama hapo, anasoma mita, anazidisha, analinganisha. Inamchukua dakika tano.

Ndugu msikilizaji, kama una biashara inayotumia umeme mkubwa, kesho uliza jambo moja tu: namba yangu ya kuzidisha ni ngapi, na bili yangu inasema ngapi? Kisha itafute ile karatasi iliyokunjwa mara nne.

Kwa leo nakomea hapo. Tukijaaliwa, tutakutana tena wiki ijayo, wakati kama huu.